Takataka Tulizolipia

Juni 2022, kwenye nyasi za bustani ya Karlsaue mjini Kassel, Ujerumani, kundi la wasanii kutoka Nairobi lilijenga nyumba yenye kuta za mitumba. Simaanishi nguo zilizotundikwa ukutani. Namaanisha mitumba yenyewe, yale mafurushi yaliyobanwa kwa mashine na kufungwa, yamepangwa moja juu ya jingine kama matofali. Ukiingia ndani unakuta filamu inaendelea. Kazi hiyo inaitwa Return to Sender, yaani mrudishie aliyetuma. Walioijenga ni The Nest Collective, walewale wa Stories of Our Lives, filamu ya 2014 ambayo sisi Wakenya tulikatazwa kuitazama kwetu.

Mahali penyewe ni documenta, maonyesho ya sanaa yanayofanyika Kassel kila baada ya miaka mitano. Toleo hilo la 15 lilisimamiwa na ruangrupa, kundi la wasanii wa Indonesia, na kwa mara moja watu wa kusini mwa dunia hawakuwa wageni wawili watatu waliowekwa pembeni. Wajukuu Art Project wa Mukuru walikuwa huko pia, na wakarudi na tuzo ya Arnold Bode.

Mimi sikufika Kassel. Nguo kuukuu husafiri kati ya Ulaya na Kenya kila wiki bila kuulizwa benki yake ina shilingi ngapi, mimi ningeulizwa. Nimeiona kazi hii jinsi wengi wetu tulivyoiona, kwa picha kwenye simu kwanza, filamu baadaye. Nalisema mapema kwa sababu ninachotaka kuzungumzia hasa ni ile picha ya nyumba, maana ndiyo iliyosambaa. Filamu inahitaji ukae chini utulie. Picha inakufikia ukiwa kwenye mathree.

Na picha ni kali, hilo halina ubishi. Nyuma ya nyumba ile unaona Orangerie, jumba la kifahari la karne ya 18, jeupe, limenyooka, limepigwa picha na watalii tangu kamera zianze. Sasa ukitaka kulitazama, kuna mlima wa matambara mbele yako. Mjerumani aliyetoka nyumbani kwenda kuangalia sanaa anakutana na kitu ambacho pengine kilitoka kwenye kabati la jirani yake. Hakuna maelezo marefu yanayohitajika. Nest si wageni kwenye mambo ya nguo. Mwaka wa 2017 walitoa kitabu kizima kuhusu mitindo, Not African Enough. Wanajua kitambaa kinavyoongea, na pale Kassel kiliongea.

Shida yangu ni jina.

"Mrudishie aliyetuma" ni maneno ya posta. Unayaandika juu ya barua usiyoitaka, barua iliyokuja yenyewe, ambayo hukuiagiza wala hukuilipia. Ukiiweka sentensi hiyo juu ya mtumba unasema kwamba mzigo huu ulitupwa kwetu, kwamba kuna meli ilikuja usiku ikamwaga uchafu ikaondoka. Karibu kila makala ya kigeni kuhusu Gikomba husema hivyohivyo: Afrika imekuwa jalala la Ulaya. Picha ni ileile, mtoto juu ya lundo, korongo wa Dandora nyuma yake. Inauma kutazama. Lakini ina kosa moja kubwa. Jalalani mtu hutupa bure. Sisi tumelipa.

Fuata mzigo uone. Mtu wa Hamburg au Manchester anaweka jaketi kwenye sanduku la msaada mtaani. Amelitoa bure, roho yake imetulia. Anayekusanya masanduku hayo anauza nguo kwa kilo kwa kampuni ya kuchambua. Kampuni inachambua, nguo nzuri kabisa zinabaki kwenye maduka ya hukohuko, zinazofuata zinabanwa na kuuzwa kwa kilo kwa wasafirishaji. Msafirishaji anauzia mwagizaji wa hapa. Mwagizaji analipa meli, analipa ushuru Mombasa, analipa lori. Anauzia mwenye duka la jumla. Mwenye duka la jumla anauzia mama mmoja wa Gikomba, mtumba mmoja, kilo 45, umefungwa.

Hesabu mikono. Kila mkono ulioshika mzigo huo baada ya lile sanduku umepata faida bila kuufungua ukiwa kwetu. Mama wa Gikomba ndiye wa kwanza kukata kamba, na ndiye anayekuta kilichomo. Kukiwa na kamera, ile daraja ya kwanza inayogombaniwa asubuhi, amepona. Kukiwa na fagia, zile za mwisho ambazo hata kwa shilingi kumi watu wanazigeuza mara mbili, hasara ni yake. Hakuna nambari ya kupiga simu. Hakuna kurudisha.

Nilitoka chuo mwaka wa pili, karo ikiwa imekuwa hadithi ndefu, na kwa karibu mwaka mmoja na nusu nilikuwa nikimsaidia mamangu mdogo kuuza nguo za watoto Gikomba. Nakumbuka mtumba mmoja uliokuwa na suruali za kuteleza kwenye theluji. Za watoto. Nzito kama blanketi, nzima kabisa, zipu zote zinafanya kazi. Hazikuwa mbovu. Hazikuwa na mtu wa kuzivaa tu, labda mtoto aamue kupanda Mlima Kenya. Nilianza kucheka, yeye hakucheka. Alizitia mkononi moja moja kama anayepima nyama. "Kilo ni kilo, mwanangu," akasema. "Hizi ndizo zimekula pesa ya zile ndogo." Zilikuwa nzito, kwa hivyo zilichukua nafasi ya nguo nyingi nyepesi ambazo zingeuzika. Alikuwa amelipia uzito wa baridi ya nchi asiyoijua.

Kwa hivyo nikisikia neno kutupa, mimi huuliza nani alitoa pesa. Neno letu lenyewe lingetusaidia hapa tukilisikiliza. Mtumba si nguo. Mtumba ni furushi, mzigo uliofungwa. Nguo ni za mtumba, zimetoka ndani ya mzigo. Waliolipa jina biashara hii hawakuangalia aliyevaa kwanza wala rangi wala tundu. Waliangalia kifurushi, kwa sababu kifurushi ndicho kilichokuwa kinauzwa. Lugha ilishaona mahali pa shida: pale ambapo mnunuzi haruhusiwi kuona ndani.

Na hapo ndipo nyumba ya Kassel inaniacha njiani. Imejengwa kwa mitumba iliyofungwa. Inaonyesha wingi, na wingi ni kweli. Haionyeshi kamba ikikatwa. Mtazamaji anatoka na hisia kwamba amewatumia watu uchafu, anaona haya, labda anaapa kutonunua shati mwezi huu. Hatoki akijua kwamba uchafu huo ulikuwa na risiti, na kwamba pesa ilienda upande wake wa dunia. Haya ni hisia ya bei rahisi. Deni ni kitu kingine.

Tuje kwenye nambari, maana ndizo zinazopiganiwa. Februari 2023, shirika la Changing Markets Foundation lilitoa ripoti inayoitwa Trashion. Ilisema kwamba mwaka wa 2021 Kenya ilipokea zaidi ya nguo milioni 900 zilizotumika, na kwamba zaidi ya moja kati ya tatu ilikuwa na plastiki na mbovu kiasi cha kuwa taka papo hapo. Chama cha wafanyabiashara wa mitumba kikaja juu: taka ni sehemu ndogo sana ya mzigo, na kwani nani angelipa pesa zake kuagiza takataka?

Vijana wa mtandaoni walichagua upande siku hiyohiyo. Wengine wakasema chama kinadanganya, wengine wakasema wazungu wanataka kuua hustle yetu. Mimi naona pande hizo mbili zilikuwa zinahesabu vitu tofauti. Ripoti inatazama nguo na kuuliza kama inafaa kuvaliwa. Mfanyabiashara anatazama nguo na kuuliza kama kuna mtu atatoa chochote. Fulana iliyotoboka ni taka kwa wa kwanza. Kwa wa pili ni tambara la fundi wa gari pale Kirinyaga Road, na tambara lina bei. Ripoti yenyewe inaeleza kwamba vipande vingine huuzwa viwe kuni za kukaangia njugu. Polista kwenye moto, njugu juu yake, na wewe unakula ukingoja matatu ijaze. Katika daftari la muuzaji hiyo si taka, imeuzwa. Katika mapafu ya anayekaanga ni habari nyingine.

Hebu tuwape wafanyabiashara nambari ndogo kabisa tuone inatufikisha wapi. Utafiti uliofanywa na taasisi ya IEA pamoja na chama chenyewe ulihesabu tani 185,000 zilizoingia Kenya mwaka wa 2019. Kwa mtumba wa kilo 45, hiyo ni mitumba zaidi ya milioni 4 kwa mwaka. Sasa tuseme taka ni asilimia 2 tu. Hiyo ni tani 3,700, yaani tani 10 kila siku, Jumapili na Krismasi zikiwemo. Na hiyo ni hesabu ya anayetetea biashara. Kwa hivyo ugomvi wa asilimia, kwangu, unachosha. Hata ukishinda bado una lori la kutafutia pa kumwaga.

Linamwagwa wapi? Gikomba iko kando ya Mto Nairobi. Simama kwenye ukingo uone tabaka za nguo zilizoshikana na udongo, mkono wa sweta umetokeza kama mzizi. Pamba hatimaye huoza. Polista haiozi, kwa sababu polista ni plastiki, imetengenezwa kwa mafuta ya petroli, na inachofanya ni kukatika vipande vidogo zaidi na zaidi. Mto huo unaingia Athi, Athi inakuwa Galana, Galana inakuwa Sabaki, na Sabaki inamwaga baharini kaskazini mwa Malindi. Uzi uliotoka kwenye jaketi la Hamburg una njia ya maji iliyonyooka hadi kwa samaki wa Mpwani. Na kilomita chache tu kutoka sokoni, kule Gigiri, ndiko makao makuu ya UNEP yaliko, shirika la dunia nzima la mazingira. Wanaandika ripoti nzuri sana kuhusu mitindo na tabianchi. Mto uko palepale.

Kuna wanaosema dawa ni kupiga marufuku. Hapa jina la kazi ya Nest linapata maana ambayo sidhani mgeni wa Kassel aliiona, kwa sababu sisi tuliwahi kujaribu kumrudishia aliyetuma. Mwaka wa 2016 viongozi wa Jumuiya ya Afrika Mashariki walikubaliana kwamba mitumba iondolewe kufikia 2019. Mwaka uliofuata, chama cha wauzaji wa nguo kuukuu cha Marekani, SMART, kikaenda kulalamika kwa serikali yao. Kenya ikarudi nyuma haraka, maana tulikuwa na viwanda vinavyouza nguo Marekani bila ushuru chini ya AGOA. Rwanda ikakaza. Ilikuwa imepandisha ushuru kutoka dola 0.20 hadi dola 2.50 kwa kilo, na ikakataa kuushusha. Julai 2018 Marekani ikasimamisha nafuu ya AGOA kwa nguo za Rwanda.

Soma hapo tena polepole. Nchi ilisema haitaki nguo kuukuu, ikaadhibiwa kwenye nguo mpya. Aliyetuma hakutaka mzigo wake urudi. Barua ya posta haifanyi hivyo. Muuzaji ndiye anayefanya hivyo, muuzaji aliyezoea mteja.

Wanasiasa wetu nao hawatusaidii kufikiri. Tarehe 6 Juni 2022, siku chache tu kabla ya documenta kufungua milango, Raila Odinga alizindua manifesto yake pale Nyayo na kugusia nguo zetu kuwa za watu waliokufa. Soko likachemka, ikabidi afafanue. Wapinzani wake wakavaa utetezi wa mitumba kama kampeni. Hakuna upande uliomuuliza mama wa Gikomba swali la maana: unapofungua mtumba, ungependa kuwa na haki gani? Kura zilipigwa, mitumba ikabaki imefungwa.

Sasa sisi. Namaanisha mimi na wewe unayesoma hapa, tuliogeuza jina. Wazazi wetu walinunua mitumba na hawakutaka ijulikane. Sisi tunasema "thrift", tunapiga picha kwenye kioo, tunaandika chini yake kwamba tunaokoa dunia. Siwacheki wenye kurasa hizo. Wengi ni watu wa rika langu wasio na kazi ya ofisi, wanaamka saa kumi usiku kugombania kamera, wanaosha, wanapiga pasi, wanapeleka na bodaboda. Hiyo ni kazi, na luku wanazoseti ni kali. Na ni kweli, kuvaa jinzi iliyokwisha tengenezwa kuna nafuu kuliko kutengenezewa nyingine. Maji na pamba yake vilishatumika.

Ila "thrift" ni jina la kamera peke yake. Hujawahi kuona ukurasa wa "thrift" unaouza fagia. Tunakata ile sehemu tamu ya mtumba, tunaipa jina la kijani, na sehemu iliyobaki inaendelea kuitwa mitumba, inaendelea kuwa ya yule mama, inaendelea kuelekea mtoni. Nguo yako moja safi imekuja na ndugu zake. Ukitaka kujisifu kwa mazingira, hesabu ukoo mzima.

Tena kuna jambo linalobadilika ambalo kila muuzaji wa umri wa mamangu mdogo atakuambia bila kusoma ripoti yoyote: nguo zenyewe zimedhoofika. Shati la zamani lilikuja limevaliwa miaka mitano na bado lina miaka mitano mingine. La siku hizi lilishonwa livaliwe mara chache, likatupwa, na linafika kwetu likiwa limekwisha. Mtumba haujabadilika uzito. Kilo 45 ni zilezile. Kilichopungua ni maisha yaliyobaki ndani yake, na bei haijui hilo.

Ulaya imeanza kushughulika. Tangu Januari 2025 nchi za Umoja wa Ulaya zinatakiwa kukusanya nguo kuukuu kando na taka nyingine. Ufaransa ilitunga sheria zamani, mwaka wa 2007, kwamba wanaoingiza nguo mpya sokoni wachangie gharama ya kuzikusanya na kuzichambua zikichakaa. Ni wazo zuri. Lakini ada inalipiwa pale nguo inapouzwa mpya, na uzee wa nguo hiyo unaweza kuishia Gikomba. Ikitoka Ufaransa, nguo inasafiri na ile ada haisafiri nayo. Na hapa kwetu, Sheria ya Usimamizi Endelevu wa Taka ya 2022 inamhesabu anayeingiza bidhaa nchini sawa na anayeitengeneza. Maana yake, mzigo wa kuisafisha nguo iliyobuniwa Stockholm na kuvaliwa Berlin unaweza kuwekwa juu ya mwagizaji wa Nairobi, naye ataupitisha kwa nani? Unajua kwa nani. Kwa anayekata kamba.

Kwa hivyo nikiulizwa Return to Sender ni kazi nzuri, nitasema ndiyo, itafute filamu uitazame, na waliosimamisha nyumba ile mbele ya Orangerie walifanya jambo ambalo hotuba za Nairobi hazijafanya. Waliupeleka mzigo mahali ambapo hauwezi kupuuzwa. Lakini neno walilouandikia linampa aliyetuma njia rahisi ya kutoka. Anaweza kuona haya, akaomba radhi, akapokea nyasi zake zikiwa safi maonyesho yalipokwisha, na hajaulizwa habari ya pesa.

Ningependa kazi inayofuata, ya Nest au ya mtu mwingine yeyote kati yetu, ianze pale kamba inapokatwa. Iweke mtumba mmoja katikati ya chumba, ufunguliwe mbele ya watu, kila nguo ichambuliwe kwa mkono na mtu anayeijua kazi hiyo, na ukutani paandikwe alilipa ngapi kwa kilo, amepata ngapi, na zilizobaki zina uzito gani. Hesabu hiyo mamangu mdogo huifanya kichwani kabla chai haijapoa. Hajawahi kuitwa msanii wala mtafiti kwa kuifanya. Kassel ingekuwa na mengi ya kujifunza kwake, na sisi wa "thrift" pia, kabla ya kuzungumza habari ya kurudisha chochote kwa yeyote. Mzigo ukirudi, pesa yake irudi nao.